Zile picha za chipu kama mji wa maghorofa: zinatengenezwaje, na uongo wake uko wapi?

Leo tuwaache Simba na Yanga wapumzike kidogo, tuongelee kitu kilichomo ndani ya hiyo kompyuta unayolipia kwa dakika hapo kafe.

Wiki iliyopita niliweka hapa picha ya chipu inayoonekana kama mji: chini vibanda vya kijani na vyekundu, juu yake barabara za bluu, juu zaidi mihimili minene ya zambarau. Kwenye maoni kukawaka moto. Mmoja akasema ni katuni ya wacheza gemu. Mwingine akaapa kwamba ni picha ya darubini. Wa tatu akauliza swali la maana kuliko sisi wote: "Kama ni ya kuchora, aliyechora amejuaje urefu wa kila kitu?"

Mimi si injinia. Nilimaliza form six, na sasa hivi naishi kwa vibarua vya kuandika. Lakini swali hilo lilininyima usingizi, nikalifuatilia. Jibu fupi: si katuni na si picha ya darubini. Ni mchoro uleule unaopelekwa kiwandani kutengenezea chipu, ila UMENYANYULIWA. Jibu refu ndiyo makala hii, kwa hiyo vuta kiti.

CHIPU NI NYUMBA YENYE GHOROFA

Chini kabisa kuna kipande cha silikoni. Kwenye uso wa hiyo silikoni ndiko transista zilipo, yaani vile viswichi vidogo vinavyowaka na kuzima. Transista peke yake haina kazi, ni kama balbu isiyo na waya. Kwa hiyo juu yake zinajengwa waya. Waya zikibanana mno zisiweze kupishana, inajengwa ghorofa ya pili ya waya, halafu ya tatu, na kuendelea.

Kila ghorofa inajengwa kwa mtindo wa stensili. Wale tuliosoma shule ambazo mitihani ilipigwa kwa stensili tunajua: palipotobolewa wino unapita, pasipotobolewa haupiti. Kiwandani wanatumia mwanga badala ya wino, lakini wazo ni hilohilo. Ghorofa moja, stensili moja au zaidi. Wanamwaga tabaka la alumini, wanapiga stensili, wanaondoa alumini isiyotakiwa, wanajaza kioo kwenye mapengo, wanasawazisha, kisha wanaanza ghorofa inayofuata.

Kwa hiyo mchoraji wa chipu hachori nyumba. Anachora stensili nyingi, na zote ni bapa kama karatasi.

FAILI LENYEWE LINASEMA NINI?

Michoro hii kwa miaka mingi imehifadhiwa kwenye aina ya faili inayoitwa GDSII. Ilitokana na kampuni ya Calma ya Marekani mwishoni mwa miaka ya 1970, na hadi leo bado inatumika. Fikiria, faili lenye umri wa baba yako bado lina kibarua!

Ndani yake hakuna maajabu. Ni orodha ndefu ya poligoni, zile za hesabu za shule. Kila poligoni ina vitu viwili: namba ya tabaka, na pointi za kona zake kwenye mhimili wa x na y. Basi.

Tuchukue mfano. Kwenye teknolojia moja nitakayoieleza sasa hivi, waya wa ghorofa ya kwanza ya chuma una namba 68. Faili linaweza kusema: tabaka 68, kona ziko (0,0), (2000,0), (2000,140), (0,140), na kipimo ni nanomita. Maana yake ni kamstatili ka urefu wa mikroni 2 na upana wa mikroni 0.14. Mikroni moja ni sehemu moja ya elfu ya milimita, kama umesahau.

Sasa angalia vizuri zile namba. Kuna x, kuna y. Z iko wapi?

HAIPO. Faili la chipu halijui urefu wa kwenda juu. Halijui kama tabaka 68 liko chini ya tabaka 69 au juu yake. Halijui kama waya huo ni mwembamba kama karatasi au mnene kama tofali. Hapo ndipo swali la yule mdau linapouma.

MASHINE YA TAMBI

Watu wa pwani mnaijua mashine ya tambi za dengu. Unaweka unga uliokandwa, unachagua kibati chenye matundu, unasukuma. Tundu likiwa la nyota, tambi inatoka na umbo la nyota toka mwanzo hadi mwisho. Tundu likiwa bapa, inatoka kama utepe. Umbo la tundu halibadiliki, kinachoongezeka ni urefu tu.

Kunyanyua mchoro wa chipu ni kazi ileile. Poligoni ni tundu. Kompyuta inalisukuma umbo lile kwenda juu mpaka kimo fulani, halafu inasimama. Mstatili unakuwa tofali. Mraba mdogo unakuwa nguzo. Umbo la herufi L linakuwa ukuta wenye kona.

Kwa ule waya wetu: kona 4 za chini, kona 4 zilezile juu yake, jumla kona 8 na nyuso 6. Kadi ya picha ya kompyuta inapenda kuchora pembetatu, kwa hiyo kila uso unakatwa pembetatu mbili. Jumla 12 kwa waya mmoja. Chipu ndogo tu ina vipande kama hivyo maelfu kwa maelfu. Sasa mmejua kwa nini mashine ya kafe inaanza kupiga feni kama helikopta.

Lakini ili usukume, unahitaji namba mbili kwa kila tabaka: linaanzia kimo gani, na lina unene gani. Faili halina. Inabidi uzitoe kwenye karatasi nyingine kabisa, karatasi ya kiwanda.

NAMBA ZENYEWE

Hapa nawaletea karatasi halisi. Teknolojia inaitwa SKY130, ya kiwanda cha SkyWater huko Minnesota, Marekani. 130 inatokana na nanomita 130. Si ya kisasa sana, simu mpya zimeshaipita mbali, lakini bado ni teknolojia ya kazi. Vimo vinapimwa kutoka kwenye uso wa silikoni, kwa mikroni:

- Polisilikoni (mlango wa transista): inaanzia 0.33, unene 0.18
- Waya wa jirani, li1: 0.94, unene 0.10
- Chuma cha 1: 1.38, unene 0.36
- Chuma cha 2: 2.01, unene 0.36
- Chuma cha 3: 2.79, unene 0.845
- Chuma cha 4: 4.02, unene 0.845
- Chuma cha 5: 5.37, unene 1.26

Kati ya ghorofa na ghorofa kuna nguzo ndogo za kupitisha umeme, wenyewe wanaziita via. Kwa mfano, nguzo ya kutoka chuma cha 1 kwenda cha 2 ina kimo cha mikroni 0.27.

Jumlisha mwenyewe: paa la chuma cha 5 liko kwenye mikroni 6.63. Unywele wa mtu una unene wa kati ya mikroni 50 na 100 hivi. Yaani nyumba nzima yenye ghorofa zote hizo haifiki hata robo ya unywele.

Kitu kingine kwenye hiyo orodha: angalia unene unavyoongezeka ukipanda. Ghorofa za chini ni nyembamba, za juu ni nene. Sababu ni ileile ya mitaani kwetu. Chini ni vichochoro vya kupeleka habari nyumba kwa nyumba, waya nyingi na nyembamba. Juu ni barabara kuu za kuleta umeme kwenye chipu nzima, na umeme mwingi unataka waya mnene. Mara nyingi ghorofa moja waya zake zinaenda mashariki na magharibi, inayofuata kaskazini na kusini, zisigombane. Ukinyanyua mchoro unayaona yote hayo kwa jicho bila kuambiwa na mwalimu.

SASA NI MKEKA AU NI MNARA?

Hii ndiyo sehemu iliyonifurahisha kuliko zote.

Chukua chipu yenye upana wa milimita 3. Ikuze mpaka iwe na urefu wa uwanja wa mpira, mita 100. Ghorofa zote, toka silikoni mpaka paa la chuma cha 5, zitakuwa na kimo gani? Sentimita 22. Hata goti la golikipa halifiki. Kwa hiyo chipu nzima si mji wa maghorofa hata kidogo. Ni MKEKA.

Lakini sasa isogelee. Kwenye maktaba ya SKY130 kuna kisanduku kidogo cha geti ya NOT, ile inayogeuza 1 kuwa 0. (Wataalamu wanaiita inverta, ila si ile inverta ya sola ya mjomba, msinichanganyie.) Ina transista mbili tu. Upana wake ni mikroni 1.38, na urefu wa upande wa pili ni 2.72. Juu ya kiwanja hicho kidogo zinapita ghorofa zote zenye kimo cha 6.63. Kimo ni karibu mara tano ya upana. Huo ni MNARA kabisa.

Kwa hiyo ukiona picha ya chipu iliyosimama kama Posta mpya, jiulize kwanza: hiki ni kipande kidogo kimesogelewa, au ni chipu nzima imevutwa kwenda juu kwa makusudi? Programu nyingi zina kitufe cha kuzidisha kimo. Ukizidisha mara kumi, mkeka unakuwa mji. Si dhambi, ila aliyeiweka picha aseme.

KUNA FAIDA GANI, AU NI UREMBO TU?

Faida ya kwanza: makutano. Fungua ramani ya Dar, tazama Ubungo. Barabara ya Morogoro inakatana na Mandela na Sam Nujoma. Kwenye ramani bapa ni msalaba tu. Lakini ukifika pale, tangu daraja la Kijazi lilipofunguliwa mwaka 2021, barabara zinapita ghorofa tatu, gari la juu halimjui wa chini. Ukitaka kutoka barabara hii kuingia ile, lazima upite kwenye mchepuko wa kupanda au kushuka.

Chipu ni Ubungo tupu, Ubungo maelfu. Kwenye mchoro bapa, waya wa chuma cha 1 na wa chuma cha 2 zikikatana unaona rangi mbili zimelaliana. Zimegusana? Hazijagusana. Zimepishana hewani, na zitagusana tu kama kuna nguzo ya via katikati. Kanguzo hako kwenye mchoro ni kamraba kadogo, rahisi kukapitiwa. Ukinyanyua na kugeuza pembeni, unaona wazi: hapa kuna nguzo, hapa hakuna. Pasipo na nguzo mawasiliano hayafiki, na chipu ikishatoka kiwandani huwezi kuifungua ukachomelea. Umesubiri miezi, umelipa, na umepata kokoto.

(Angalizo: mwisho wa siku hakimu si jicho. Kuna programu za ukaguzi zinazolinganisha waya zilizochorwa na saketi iliyokusudiwa, moja baada ya nyingine. Picha inakusaidia KUELEWA kosa ambalo mkaguzi amelitaja.)

Faida ya pili inahusu fizikia yako ya shule. Mnakumbuka kapasita? Vibati viwili vinatazamana bila kugusana, na kadiri eneo linalotazamana linavyokuwa kubwa na nafasi inavyokuwa ndogo, ndivyo inavyotunza chaji nyingi. Sasa rudi kwenye waya wetu wa chuma cha 1. Upana wake mdogo kabisa unaoruhusiwa ni mikroni 0.14. Kimo chake, kwa mujibu wa karatasi, ni 0.36. Yaani kimo ni zaidi ya mara mbili ya upana!

Kwenye mchoro bapa unaona utepe uliolazwa. Ukweli ni kwamba huo ni UKUTA uliosimama. Weka kuta mbili za namna hiyo sambamba kwa safari ndefu, tayari umejenga kapasita bila kukusudia. Waya mmoja ukibadilika, jirani yake anashtuka. Waya wote unachelewa, kwa sababu kila mara inabidi ujaze na kumwaga ile chaji. Hii ni moja ya sababu za chipu kuwa na mwendo wa mwisho isiyoweza kuuzidi. Na huwezi hata kuikisia kwa kutazama mchoro bapa, maana unene haumo. Ndiyo maana programu za kukadiria ucheleweshaji huo nazo zinahitaji vimo na unene wa kila tabaka.

Faida ya tatu ni ya watu kama sisi. Kitabu cha chipu kwa mtoto wa form six ni mlima. Lakini ukizungusha kisanduku cha transista mbili kwa kipanya, ukaficha paa, ukaficha ukuta, ukabaki na msingi, unaelewa ndani ya nusu saa kitu ambacho maneno yangekula wiki.

PICHA INADANGANYA WAPI?

Niliahidi kwenye kichwa cha habari, na siwezi kuwauzia mbuzi kwenye gunia.

1. Hewa. Kwenye picha waya zinaelea hewani. Ukweli ni kwamba nafasi yote katikati imejazwa kioo, yaani oksidi ya silikoni. Kingechorwa, usingeona kitu kingine, kwa hiyo kinaachwa. Chipu si mji wenye mitaa ya kupitisha upepo. Ni mji uliomwagiwa zege inayoangaza.

2. Kona. Mashine ya tambi inatoa ukuta ulionyooka na kona kali kama wembe. Mwanga wa stensili hauwezi kuchonga hivyo kwa udogo huo. Kona za kweli zimeviringika, na kuta zina mteremko kidogo. Ile miraba ya via ikifika kwenye silikoni inakaribia kuwa duara.

3. Rangi. Alumini haina bluu wala zambarau. Rangi ni za kuchagua ili tusichanganyikiwe. Desturi ya kijani kwa eneo la transista, nyekundu kwa polisilikoni na bluu kwa chuma ilisambazwa sana na kitabu cha Carver Mead na Lynn Conway cha mwaka 1980, kilichofundisha wanafunzi wa vyuo kuchora chipu wenyewe.

4. Chini ya ardhi. Transista inafanyika kwa kuingiza vichanganyio NDANI ya silikoni, navyo vinafifia taratibu kama wino kwenye maji. Mashine ya tambi haijui kufifia, kwa hiyo inakuchorea kisanduku chenye mpaka mkali ambao kwa kweli haupo.

5. Vizuka. Faili lina matabaka ambayo si kitu chochote kiwandani: majina, mipaka ya visanduku, alama za wakaguzi. Ukiyanyanyua bila kuchagua, unapata bati kubwa limefunika kila kitu, unabaki unashangaa.

6. Na kubwa kuliko yote: HAKUNA tabaka linaloitwa transista. Tafuta kwenye orodha, hulipati. Transista inazaliwa pale ambapo poligoni ya polisilikoni inakatiza juu ya poligoni ya eneo la silikoni hai. Mmoja ni nyekundu, mwingine ni kijani, na makutano yao ndiyo swichi. Kati yao kuna utando wa oksidi wa nanomita chache tu, ambao ndio roho ya kifaa chote. Utando huo kwenye picha zetu huuoni. Mashine inanyanyua nyekundu, inanyanyua kijani, na haijui kwamba imetengeneza transista. Wewe mtazamaji ndiye unayejua.

Kwa sababu ya mambo haya wataalamu wengine hawaiti 3D. Wanaiita 2.5D, mbili na nusu. Kila umbo linapanda wima tu, hakuna tao, hakuna mteremko. Nimelipenda jina hilo kwa sababu lina ukweli ndani yake.

UREFU ULIKUWA SIRI

Sasa turudi kwa yule mdau. Aliyechora amejuaje urefu?

Kwa muda mrefu, kwa kawaida, usingejua. Karatasi ya kiwanda, yenye vimo, unene na sheria zote za kuchora, ilikuwa mali ya siri. Ili upewe ilibidi utoke kwenye kampuni au chuo kinachotambulika, usaini mkataba wa kutotoa siri, ndipo ufunguliwe mlango. Vyuo vilikuwa na karatasi za kujifunzia, lakini za kiwanda halisi kijana wa mtaani alikuwa anazisikia tu. Ungeweza kuwa na faili la GDSII mkononi, poligoni zote, na bado ukawa kama mtu mwenye ramani ya nyumba asiyejua kama ni ya chini au ya ghorofa kumi.

Juni 2020 Google na SkyWater walitangaza kuiweka karatasi ya SKY130 hadharani, kwa leseni inayoruhusu mtu yeyote kuisoma, kuitumia na hata kuibadilisha. Zile namba nilizowaorodheshea hapo juu zimetoka huko. Kampuni ya Efabless ikawa inakusanya michoro ya watu na kuipeleka kiwandani. Mwaka 2022 Matt Venn akaanzisha Tiny Tapeout, ambapo watu wengi wanagawana chipu moja kama wapangaji wa nyumba moja. Chumba kimoja ni kama mikroni 160 kwa 100.

Machi 2025 Efabless ikafungwa. Watu walishika vichwa, wengine walikuwa na michoro njiani. Lakini tazameni kilichofuata: karatasi haikufungwa. Ilishatoka, iko kwenye kompyuta za watu dunia nzima. Tiny Tapeout ikageukia viwanda vingine, kikiwemo cha taasisi ya IHP ya Ujerumani, ambayo nayo iliweka karatasi yake wazi. Kampuni inakufa kama kampuni nyingine yoyote. Namba zikishakuwa za wote, haziendi nayo kaburini.

Hiyo ndiyo sababu nimeandika kirefu hivi kuhusu kitu kinachoonekana kama urembo. Ile Z iliyokosekana kwenye faili ndiyo iliyokuwa inatenganisha aliyeko ndani na aliyeko nje. Sisi huku tumezoea kuambiwa chipu ni mambo ya Wazungu na Wachina, sisi ni wa kubadilisha vioo vya simu. Kumbe Nyeri, Kenya, kwenye eneo la Chuo Kikuu cha Teknolojia cha Dedan Kimathi, tayari kuna kampuni ya mambo ya semikonda, Semiconductor Technologies Limited. Majirani zetu hao, wala si ughaibuni.

JINSI YA KUJIONEA MWENYEWE

Kama uko kafe na mashine haikuruhusu kuweka programu: tafuta Tiny Tapeout, fungua ukurasa wa mradi wowote, humo kuna kionyesha-chipu kinachofanya kazi ndani ya brauza. Anza na mradi mdogo wa chumba kimoja, la sivyo mashine itaganda na dakika zako zitaliwa. Zungusha, sogelea, ficha matabaka.

Kama una kompyuta yako: pakua KLayout, programu ya bure ya Mjerumani Matthias Köfferlein. Inafungua GDSII na ina sehemu ya 2.5D. Unaandika mstari mmoja kwa kila tabaka: namba ya tabaka, linaanzia wapi, unene kiasi gani. Ile orodha yangu hapo juu ndiyo unayohitaji. Ipo pia GDS3D, iliyotokea Chuo Kikuu cha Twente, Uholanzi.

Zoezi dogo kwa wanaotaka: tafuta ile geti ya NOT. Ficha vyuma vyote. Utabaki na eneo mbili za kijani na mstari mwekundu unaozikatiza zote mbili. Hesabu makutano: ni mawili, ndizo transista mbili. Sasa rudisha li1 na nguzo zake, ufuate njia ya kutoka transista moja kwenda nyingine. Ukiweza kuniambia waya wa kutokea uko upande gani, basi umeshasoma chipu. Hukuhitaji cheti cha mtu.

Haya wadau, uwanja ni wenu. Mainjinia mliopo humu, kama kuna mahali pa kuongezea nyama ongezeni, mjadala ni darasa. Wenye picha za chipu mlizozizungusha wenyewe zitumeni nizibandike hapa, ila mniambie kimo mmekizidisha mara ngapi!

Tupo pamoja.